Shinobu Hashimoto: zile skripti ni zake au ni za Kurosawa?

KalamuYaUsiku

Habari zenu wakuu.

Nimekuwa nikifuatilia filamu za Kijapani za miaka ya 1950, na kila nikisoma majina ya waandishi nakutana na Shinobu Hashimoto. Rashomon yumo. Ikiru yumo. Shichinin no Samurai, ile ya wakulima wanaotafuta masamurai saba wa kuwalinda na majambazi, yumo. Lakini hayuko peke yake. Jina la mwongozaji mwenyewe, Akira Kurosawa, limeandikwa hapo hapo, na mara nyingi lipo la mwandishi mwingine, Hideo Oguni, pia. Sasa nani aliandika nini? Au majina yalikuwa yanawekwa kwa heshima tu?

Sababu ya kuuliza ni hii. Tupo watu watatu tunaandika tamthilia moja na tumekwama. Tunakaa pamoja tangu mwanzo, tunajadili kila sini, kila mtu anachangia, na tunachotoa mwisho wa siku kimelegea, hakina mwenyewe. Mwenzetu mmoja anasema wale Wajapani walifanya hivi hivi: walijifungia kwenye nyumba ya wageni wakaandika kwa pamoja, kwa hiyo tuvumilie tu. Nataka kujua kama ni kweli, na walifanyaje hasa. Mwenye kuijua historia ya huyu mzee atupe, ikiwezekana kuanzia alikotoka. Natanguliza shukrani.

MzeeWaRasimu

Salama mkuu. Majina yale hayakuwekwa kwa heshima. Kila mmoja alikuwa na kazi yake, na katika filamu hizo tatu ulizozitaja kazi ya Hashimoto ndiyo iliyotangulia: yeye ndiye aliyeandika rasimu ya kwanza, peke yake, kabla watu hawajakaa mezani. Mwenzenu anasimulia nusu ya pili ya habari. Mnachokikosa nyinyi kiko kwenye nusu ya kwanza.

Alikotoka kunaeleza mengi. Alizaliwa 1918 katika mkoa wa Hyogo. Mwaka 1938 akaingizwa jeshini, na muda si mrefu wakagundua ana kifua kikuu. Akapelekwa kwenye kituo cha wanajeshi wagonjwa huko Okayama, akakaa miaka minne. Kifua kikuu cha siku zile, dawa hazijapatikana, kilikuwa ni kulala na kungoja. Mgonjwa wa kitanda cha jirani akampa jarida la filamu ambalo ndani yake kulikuwa na skripti imechapishwa. Akaisoma, akashangaa kwamba kumbe jambo lenyewe ndilo hili, akamwambia jirani yake kwamba hata yeye angeweza kuandika kitu kama kile. Halafu akauliza: mwandishi bora kabisa wa skripti hapa Japani ni nani? Akajibiwa ni Mansaku Itami. Basi akaamua ataandika na kumpelekea huyo huyo.

Hebu lifikirie hilo. Kijana amelala hospitalini, hajawahi kuandika ukurasa mmoja wa skripti, na msomaji anayemtaka ni yule wa juu kabisa. Wengi wetu huwa tunawapelekea marafiki ambao tunajua watatusifu.

Na aliandika kweli, kuhusu askari wagonjwa kama yeye. Itami, ambaye naye alikuwa mgonjwa wa kitandani, akamjibu kwa barua yenye uchambuzi wa kina, na tangu hapo Hashimoto akawa mwanafunzi wake. Alipotoka kituoni akapata kazi ya ofisini huko Himeji, na alikuwa anaandika ndani ya treni ya kwenda na kurudi kazini, ameweka ubao magotini. Itami akafariki 1946. Mjane wake ndiye aliyezikabidhi skripti za Hashimoto kwa mwongozaji Kiyoshi Saeki, na kwa njia hiyo zikamfikia Akira Kurosawa.

Mojawapo ilikuwa imetokana na Yabu no Naka, hadithi fupi ya Ryunosuke Akutagawa ya 1922. Samurai ameuawa msituni, na kila anayetoa ushahidi anasimulia tofauti, hadi marehemu mwenyewe anayesema kupitia kinywa cha mwaguzi. Kurosawa akaipenda ila akaona ni fupi mno kwa filamu. Katika kumbukumbu alizochapisha 2006, Hashimoto anasema yeye ndiye aliyetamka pale pale kwamba waiongezee hadithi nyingine ya Akutagawa, Rashomon. Akaenda kuijaribu, hakuridhika na alichokipata, kisha akaugua. Kurosawa akaichukua akaifikisha mwisho, na ndivyo tulivyopata lile lango bovu na watu watatu wanaojikinga mvua wakijaribu kuelewa kilichotokea. Filamu ikatoka 1950, na 1951 ikachukua Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venice. Hiyo ndiyo ilikuwa skripti yake ya kwanza kuwa filamu.

Ukitaka kujua nani aliandika nini, hapo unapaona vizuri. Ushahidi unaogongana na ubishi wa nani anasema kweli ulikuwemo kwenye rasimu ya Hashimoto tangu mwanzo. Masimulizi ya pale langoni na mwisho wenye matumaini ni kazi ya Kurosawa. Ondoa upande mmoja na filamu inaanguka.

Ikiru (1952) ndiyo mfano wa kuwasomea wenzako. Kurosawa alimpa Hashimoto wazo fupi sana: mtu aliyebakiza siku 75 za kuishi, kazi yake iwe yoyote. Basi. Kumfanya mtu huyo mkuu wa idara katika ofisi za jiji, anayegonga mihuri kwenye makaratasi na kuyasukuma mbele miaka nenda miaka rudi, hiyo ni kazi ya Hashimoto. Itazame ile sini ya mwanzoni: akina mama wamekuja kulalamikia dimbwi la maji machafu mtaani kwao, wanaelekezwa idara ya ujenzi, ujenzi wanawapeleka afya, afya wanawapeleka usafi, na mlolongo unaendelea dirisha kwa dirisha hadi wanarudishwa dirisha la kwanza walikoanzia. Aliyeandika vile amewahi kukaa ndani ya ofisi, na Hashimoto alikuwa karani.

Oguni akaingia baada ya rasimu kuwepo. Kurosawa na Hashimoto walikuwa wamejifungia Hakone wakiiandika upya, kurasa nyingi zimeshatoka, Oguni akafika, akasoma, akasema mhusika mkuu lazima afe katikati ya filamu. Wakaziacha zile kurasa wakaanza tena. Ndiyo maana Watanabe, yule mkuu wa idara, anafariki filamu ikiwa bado ina safari, na sehemu yote iliyobaki ni matanga: wafanyakazi wenzake wanakunywa na kubishana kama kile kiwanja cha watoto kilikuwa chake au la, na sisi tunaoneshwa vipande vya siku zake za mwisho kupitia midomo ya watu wasiomwelewa. Wazo la Oguni ni la kugeuza filamu nzima juu chini. Lakini mkuu, alikuwa na kitu mkononi cha kugeuza.

MtazamajiMakini

Mzee nakuheshimu, ila hapa unampa Hashimoto zaidi ya anachostahili. Waandishi wa aina yake Japani walikuwa wengi. Kurosawa angeweza kufanya kazi na yeyote, na alifanya: Yojimbo na Tengoku to Jigoku hazina jina la Hashimoto na ni filamu kubwa. Swali la haki ni hili: Hashimoto bila Kurosawa aliacha nini?

MzeeWaRasimu

Swali la haki kabisa, na jibu lipo.

Aliacha Seppuku ya 1962, iliyoongozwa na Masaki Kobayashi, ikapata tuzo maalumu ya majaji kwenye tamasha la filamu la Cannes 1963. Kama hujaitazama, itazame kabla hujaendelea kusoma hapa. Ni mwaka 1630, samurai asiye na bwana anafika kwenye jumba la ukoo wa Ii anaomba apewe uwanja ajiue kwa heshima. Msimamizi wa jumba anamsimulia habari ya kijana mwingine aliyekuja na ombi kama hilo, wakamlazimisha kutekeleza kwa upanga wa mianzi, kwa kuwa panga zake za chuma alikwisha kuziuza. Mgeni anasikiliza mpaka mwisho, ametulia. Halafu anaanza kusimulia yeye. Karibu filamu nzima ni mtu mmoja ameketi uani juu ya mkeka mweupe anazungumza, wanaomsikiliza wana mapanga, na kila sentensi yake inawaondolea kitu. Kurosawa hakuwepo hapo. Muundo ule ni wa mtu aliyejifunza kwenye Rashomon na Ikiru namna simulizi moja inavyoweza kuivunja nyingine, sasa anautumia kumshtaki mtu.

Aliacha pia Mahiru no Ankoku ya Tadashi Imai, 1956. Hii inatokana na kesi ya kweli ya mauaji huko Yamaguchi, ambapo vijana walihukumiwa kwa maungamo yaliyotolewa kwa mateso. Filamu ilitoka kesi ikiwa bado iko mahakamani, na inaishia kijana akimpigia kelele mama yake kutoka nyuma ya nondo kwamba Mahakama ya Juu bado ipo. Waliokuwa wanadai hawana hatia waliachiwa 1968, miaka kumi na miwili baadaye.

Mwaka 1958 akaandika mchezo wa televisheni, Watashi wa Kai ni Naritai. Kinyozi wa kijijini anaingizwa jeshini, anaamriwa kumuua mfungwa Mmarekani, vita vikiisha anakamatwa akiwa dukani kwake ananyoa watu, anahukumiwa kunyongwa. Mwaka uliofuata Hashimoto mwenyewe akaiongoza kama filamu. Halafu kuna Joiuchi na Nihon no Ichiban Nagai Hi, zote za 1967.

Zipange pamoja uone zinahusu nini. Karani na ofisi yake, vijana na polisi, kinyozi na jeshi, samurai maskini na jumba la ukoo. Kila mara ni mtu mdogo amesimama mbele ya chombo kinachojilinda chenyewe. Mwisho wa Seppuku wahudumu wanalirudisha vazi la vita la ukoo mahali pake, na kitabu cha kumbukumbu cha jumba kinaandikwa kana kwamba hakuna kilichotokea. Mwisho wa Ikiru wafanyakazi wanaapa kubadilika, na kesho yake mafaili yanasukumwa vile vile. Mwongozaji si yule yule, kampuni si ile ile, karne si ile ile, ila hasira ni ya mtu mmoja. Hilo ndilo linalonifanya niseme ni mwandishi, si msaidizi wa mtu.

Kuhusu Yojimbo na Tengoku to Jigoku nakubaliana nawe, ni kubwa. Sijasema Kurosawa alikuwa hawezi bila yeye.

DadaWaSini

Shikamoo mzee. Nimefurahi sana kusoma. Naomba kuuliza jambo pembeni kidogo: nyingi kati ya hizi ulizotaja zimetokana na vitabu. Mimi nimepewa riwaya niigeuze skripti na mwandishi wake yuko hai, kila ninachokata naona kama namkosea. Hashimoto alikuwa anazishughulikiaje riwaya?

MzeeWaRasimu

Marahaba dada. Swali hilo Itami alimuuliza yeye, na jibu lake halisahauliki.

Hashimoto alisema hivi. Kuna ng'ombe ndani ya zizi na hawezi kutoka. Wewe unaenda kumtazama kila siku, mvua inyeshe jua liwake, unamtazama kutoka pande zote. Siku utakapopaona mahali penyewe, unafungua mlango, unaingia, unampiga pigo moja palepale. Pigo likikosea ng'ombe atakuumiza. Kisha unachukua damu tu. Umbo la ng'ombe, pembe zake, ngozi yake, hayo hayakuhusu.

Itami alimjibu kwamba kimsingi ni sawa, ila akamkumbusha kwamba vipo pia vitabu ambavyo mtu anapaswa kuvipenda mpaka afe navyo. Mimi nadhani dada unahitaji vyote viwili, lakini anza na kumtazama ng'ombe. Hofu ya kumkosea mwandishi inatokana na kukata kabla hujajua unatafuta nini. Ukikijua, unakata bila mkono kutetemeka, na mara nyingi mwandishi mwenyewe anakuelewa.

Mfano wa pigo moja ni Suna no Utsuwa. Riwaya ni ya Seicho Matsumoto, ilitoka kwa sehemu gazetini 1960 na 1961: ndefu, ya upelelezi, ina wahusika wengi. Ndani yake kuna baba mwenye ukoma aliyefukuzwa kijijini akazunguka nchi na mwanawe mdogo wakiombaomba. Katika kitabu hilo linapita kwa haraka. Hashimoto, akiandika na Yoji Yamada ambaye wakati huo alikuwa kijana, akaona damu iko hapo. Skripti ikakaa miaka mingi bila kufanywa, mpaka Hashimoto akaanzisha kampuni yake 1973, na filamu ikatoka 1974 chini ya mwongozaji Yoshitaro Nomura.

Sehemu ya mwisho ya filamu hiyo inakwenda hivi. Mpelelezi amesimama mbele ya wakubwa zake akieleza alichogundua. Wakati huo huo, ukumbini, mwanamuziki anayeshukiwa anapiga piano na okestra. Na juu ya muziki huo tunaona safari: baba na mtoto wanatembea kwenye theluji, kwenye upepo wa bahari, chini ya miti inayochanua, wanafukuzwa, mtoto anapigwa mawe, wanakula kwenye bakuli moja. Hakuna mazungumzo ya maana, ni kutembea tu, kwa dakika nyingi. Mshukiwa yule ndiye mtoto aliyekua. Hashimoto alichukua kile ambacho kitabu kilikigusa tu akakifanya filamu, na mengine mengi ya upelelezi akayapunguza bila huruma.

Tena kumbukeni huyu alikaa miaka minne katika kituo cha wagonjwa walioogopwa na jamii. Sisemi alijiandika mwenyewe. Ila sheria ya Japani ya kuwatenga wenye ukoma iliendelea kuwepo hadi 1996, na yeye alikuwa anajua nini maana ya kuwekwa pembeni kwa sababu ya mwili wako.

KalamuYaUsiku

Mzee asante sana, hii ni darasa. Naomba umalizie mambo mawili. Moja, Shichinin no Samurai iliandikwaje, maana hiyo ndiyo mwenzetu anaitolea mfano wa kujifungia. Pili, tufanye nini sisi?

MzeeWaRasimu

Shichinin no Samurai ilianza kwa kushindwa mara mbili, na nyumba ya wageni ilikuja baadaye sana.

Kwanza Kurosawa alitaka siku moja ya samurai: anaamka, anakwenda kazini kwenye ngome, anakosea jambo dogo, jioni anajiua. Hashimoto akaenda maktaba kutafuta maisha ya kila siku ya watu wale. Akakwama kwenye chakula cha mchana. Skripti ilihitaji samurai na rafiki yake wakae wazungumze wakila mchana, na yeye hakuweza kuthibitisha kama wakati ule watu wa ngomeni walikula milo miwili au mitatu, wala kama walibeba chakula kutoka nyumbani. Bila hilo sini haisimami, na bila sini hiyo siku nzima haisimami. Akaiacha. Kurosawa alikasirika sana. Naipenda habari hii, kwa sababu angeweza kubuni na hakuna mtazamaji angejua.

Mara ya pili ikawa filamu ya mabingwa wa upanga, mmoja baada ya mwingine, kila mmoja na pambano lake kuu. Hashimoto akaandika, na wote wawili wakaona kwamba filamu yenye vilele vitupu haiendi. Ndipo katika mazungumzo Kurosawa akataka kujua mashujaa wale wa kuzurura walikuwa wanakula nini njiani. Mtayarishaji Sojiro Motoki akarudi na jibu kwamba kuna vijiji viliwapa chakula na mahali pa kulala ili wawalinde usiku dhidi ya majambazi. Wakatazamana, filamu ikawa imepatikana.

Hashimoto akaandika rasimu ya kwanza peke yake. Kurosawa naye akajaza madaftari kuhusu kila samurai: anafungaje viatu vyake, anatembeaje, akiitwa kutoka nyuma anageukaje. Baada ya hapo ndipo wakaenda Atami kujifungia. Kurosawa na Hashimoto mezani wanaandika. Oguni anakaa pembeni, hawageukii, anasoma kitabu chake cha Kiingereza. Haandiki. Wakimaliza kurasa wanampa, anasoma, anapitisha au anakataa. Hashimoto alimwita mnara wa kuongozea shughuli. Filamu ikatoka 1954, zaidi ya saa tatu.

Sasa sikiliza sehemu inayowahusu. Kuanzia Ikimono no Kiroku ya 1955 walibadilisha utaratibu. Rasimu ya mtu mmoja ikaondolewa. Wote wakaanza kukaa pamoja na kuandika moja kwa moja rasimu ya mwisho, kila mtu anaandika sini ile ile, kisha wanachagua iliyo bora. Ni haraka zaidi, na wote walikuwa mabingwa. Hashimoto mwenyewe, uzeeni, aliandika waziwazi kwamba hapo ndipo walipopoteza kitu. Mtu akiandika peke yake anapotea, anarudi, anagundua mhusika ambaye hakumpanga. Mabingwa wakiwa mezani wanaelekea moja kwa moja kwenye kinachojulikana kuwa kizuri. Kuna filamu za kipindi hicho ninazozipenda mno, Kumonosu-jo ya 1957 kwa mfano, lakini nikitazama mfululizo naona anachokisema. Na mnachokieleza nyinyi, kitu kisicho na mwenyewe, ndicho hicho hicho.

Msiende upande wa pili pia. Mwaka 1982 Hashimoto aliandika, akaongoza na kutayarisha mwenyewe Maboroshi no Mizuumi, kuhusu mwanamke mkimbiaji anayemsaka muuaji wa mbwa wake, na inaishia anga za juu. Ikaondolewa kwenye majumba ya sinema haraka, na kazi yake kubwa ikawa imefika mwisho. Ninachokiona mle ni skripti isiyo na Oguni. Hakuna aliyekaa pembeni na uwezo wa kumwambia hapana. Mzee aliishi hadi 2018, akiwa na miaka 100.

Kwa hiyo nyinyi watatu, chagueni leo nani anaandika rasimu ya kwanza, na wengine wawili msimsogelee mpaka amalize. Asioneshe sini moja moja. Chagueni pia nani atakuwa Oguni, na huyo asiandike kabisa, maana akiandika ataanza kutetea zake. Wa tatu afanye kazi ya madaftari, wahusika mmoja mmoja, mpaka viatu. Mkutane rasimu ikishakuwepo. Wakati mnangoja, itazameni Ikiru kuanzia matanga, kalamu mkononi, muandike ni nani anasema nini kuhusu marehemu na anapata faida gani kwa kusema hivyo.

Rasimu ikishatoka, hata ikiwa mbovu, niletee kurasa za mwanzo kwa ujumbe wa faragha nizisome.